Godoro la Dada Mwanaidi

Jumanne, 4 Rajabu

Nimechuja mawese tangu asubuhi. Mitungi sita imejaa, wa saba nusu. Mikono inanuka mafuta hata baada ya kuoga. Nilikuwa nafunga midomo ya mitungi kwa majani ya mgomba, akaingia mtu wa mtumbwi na salamu kutoka Ujiji. Dada Mwanaidi ameachwa. Anakuja kukaa kwangu hapa Rumonge. Wiki ijayo, Mungu akipenda.

Nimefurahi. Halafu nikaingiwa na wasiwasi. Miaka kumi na miwili hatujaonana. Mama alipokufa Dada ndiye aliyenilea. Hata herufi hizi alinifundisha yeye, kwa mkaa, juu ya kigae.

Selemani mume wangu yuko upande wa Uvira na chumvi yake. Hatarudi karibuni. Mambo ya nyumba kaniachia mimi. Chumba kilichopo ni kile cha uani, ninamoweka mitungi. Hakuna kingine.

Alhamisi, 6 Rajabu

Nimepima chumba kwa mkono wangu, kutoka kiwiko hadi ncha ya kidole. Urefu mikono mitano, upana minne. Kidogo. Mitungi iko ukuta wa nyuma penye baridi, imekula mkono mmoja na nusu. Mlango unafungukia ndani.

Nimemwita Fundi Musa, yule Mmanyema anayeshona magodoro ya usufi karibu na soko. Vitanda pia anawamba. Alisimama mlangoni akatazama kwa muda.

"Mama, hiyo mitungi ikitoka, kitanda tunakilaza huku nyuma. Godoro mikono minne kwa miwili. Mutu anageuka vizuri."

Nikamwambia mitungi haitoki. Nje jua litaharibu mafuta.

"Basi kitanda kitakaa huku kando ya mlango. Urefu mitatu na nusu. Upana mumoja na nusu. Ukizidisha hapo mlango haufunguki." Akakuna kidevu. "Mwenye kulala iko mutu wa namna gani?"

Nikasema mwanamke mmoja. Mwembamba.

"Ungengoja afike, nimupime."

Hapo nilikasirika. Sikutaka Dada afike akute chumba kitupu, aone hangojewi. Nikasema shona.

Jumapili, 9 Rajabu

Godoro limeletwa. Kitambaa cha marekani, kipya, cheupe, mshono mdogo mdogo. Usufi mwingi, linanesa ukilibonyeza. Kitanda kimeingia kama kimezaliwa humo. Mlango unafunguka, unakaribia kugusa mfumbati, ule mti wa ubavuni mwa kitanda, lakini haugusi. Nimefungua na kufunga mara tatu kwa furaha tu.

Mtungi haukusogea hata mmoja. Nimejisifu moyoni.

Jumatano, 12 Rajabu

Dada amefika.

Nilikwenda ufukoni kumpokea. Nilikuwa namtafuta msichana. Akashuka mwanamke mrefu, kiunoni amejaa, anashikilia bega la mpiga kasia. Nilisahau kwamba Dada ni mrefu. Nilikuwa mtoto, watu wote walikuwa warefu.

Tulikumbatiana tukalia. Anachechemea mguu wa kulia. Nikamuuliza. Akasema, "Nilianguka. Yalishapita."

Nimemwonyesha chumba. Alitazama kitanda, akatazama mitungi, akatazama tena kitanda. Akakaa ukingoni. Akapapasa kile kitambaa.

"Godoro zuri, Zuhura. Umejisumbua."

Nimelala na furaha leo. Nadhani chumba kimempendeza.

Jumatatu, 17 Rajabu

Dada anafanya kazi kunizidi. Anamenya mihogo, anafagia uwanja, anachambua ndagala. Nikimwambia apumzike hasikii.

Leo adhuhuri nimemkuta amelala juu ya ungo wa ndagala. Ameketi, kichwa kimeanguka kifuani, mkono bado ndani ya samaki. Nzi wamejaa. Nilimwamsha akashtuka kama mwizi. Akaomba radhi mara mbili. Mimi! Dada kuniomba mimi radhi.

Ijumaa, 21 Rajabu

Amelala tena. Jana mbele ya chungu, uji ukamwagika motoni. Leo kwenye mkeka tulipokuwa na jirani yangu Bi Tatu. Tulikuwa tunazungumza, Dada akajibu neno moja, la pili halikutoka.

Bi Tatu alinitazama. Nilipomsindikiza ndipo akauliza.

"Shoga, huyo analala hivyo kila siku?"

"Amechoka na safari."

"Safari ya siku tisa zilizopita?"

Hakulitaja jina la ugonjwa. Hapa ufukoni halitajwi hovyo. Malale. Kuelekea Magara kuna nyumba zimefungwa milango, hakuna wa kuifungua. Wadachi wanaotutawala wamefyeka vichaka kando ya maji, wamehamisha watu, na wana mtu wao anayepita kila mtaa akipapasa watu shingo. Tunamwita Mshika-shingo. Akikuta uvimbe, unakwenda kambini. Wengi waliokwenda sijawaona tena.

Jumamosi, 22 Rajabu

Nimemuuliza Dada. Unaumwa? Kichwa? Homa? Akacheka. "Usingizi tu, mdogo wangu. Uzee."

Uzee gani. Hajafika arobaini.

Nilimpapasa shingo kwa kisingizio cha kumsuka nywele. Upande wa kushoto kuna kijiwe. Kinateleza chini ya kidole. Alisema ana jino bovu upande huo. Sikumwamini. Dada yangu aliyenilea, sikumwamini.

Jioni nikamweleza Bi Tatu. Nilikuwa na hofu, nilitaka mtu wa kuigawana naye. Bi Tatu hana kifua. Nilijua hana kifua. Nikamweleza.

Jumanne, 25 Rajabu

Nimetenga kikombe cha Dada. Nimekifunga uzi mwekundu kwenye kishikio ili nisikosee. Watu wanasema ni mbung'o anayeleta, si kikombe. Nimekitenga hata hivyo.

Ameuona uzi. Amekunywa maji yake, amekisuuza kikombe, amekirudisha peke yake kwenye kibao cha mwisho.

Ninaona aibu kuandika hili.

Ijumaa, 28 Rajabu

Wamekuja.

Ilikuwa baada ya sala ya Ijumaa. Mshika-shingo na askari wawili. Mtaa una nyumba nyingi. Hawakugonga hata moja, wakaja moja kwa moja kwangu.

"Iko mugeni hapa anayelala mchana?"

Dada alikuwa jikoni. Nilitaka kusema hayupo. Akatoka mwenyewe, anajifuta mikono kwa kanga. Akainua kidevu kabla hajaambiwa. Yule mtu akapapasa kulia, akapapasa kushoto, akasimama hapo kushoto. Akaitikia kwa kichwa.

Dada akasema, "Ni jino, bwana."

Akaambiwa afunge nguo zake.

Nilimsaidia kufunga. Fundo langu lilifunguka, akalifunga upya yeye. Mlangoni alinitazama. Hakunitazama kwa hasira. Alinitazama kama mtu anayesoma mstari aliokwisha kuusoma.

Nikasema nitakuja kukutazama. Akasema, "Funga mitungi vizuri, umeacha mmoja wazi."

Jumapili, 30 Rajabu

Niliingia chumbani mwake kufagia. Nilitaka kutoa godoro nje, lipate jua. Bi Tatu alishauri nilichome moto.

Chini ya kitanda nimekuta gunia limekunjwa na kanga yake ya zamani imetandikwa juu. Limekaliwa, lina shimo la mwili. Ukutani karibu na mitungi pana alama ya mafuta ya nywele, kimo cha mtu aliyeketi. Alikuwa analala ameketi, mgongo ukutani, miguu ameinyoosha kati ya mitungi yangu.

Nikafunga mlango. Nikapanda kitandani mchana kweupe. Mimi ni mfupi kuliko Dada na miguu yangu ilifika kitakizo, ule mti wa miguuni. Nikageukia ubavu, magoti yakatoka nje. Nikageuka tena, mfumbati ukanichoma nyongani. Nikakumbuka anavyochechemea, nikajaribu kukunja mguu wa kulia kama mtu mwenye nyonga mbovu. Nikaanguka. Kishindo kikatikisa mitungi.

Nimekaa sakafuni muda mrefu.

Siku kumi na sita hakulala sawasawa. Hakuwa na malale. Alikuwa na godoro langu.

Nilipima chumba. Nilipima mlango. Nilipima mitungi.

Jumatatu, 1 Shaabani

Nimekwenda kwa mkuu wetu wa mtaa. Nimemweleza yote, nyonga, kitanda, usingizi. Alinisikiliza kwa adabu. Akasema kambi ni ya daktari wa Kidachi, neno lake halifiki huko. Nikamwomba hata barua. Akasema, "Niandike nini, mama? Kwamba kitanda kilikuwa kifupi?"

Hakunikejeli. Aliuliza kweli.

Bi Tatu amekuja na mihogo. Analia. Anasema hakumwambia mtu ila shemeji yake. Sikumfokea. Ningeanzia wapi?

Ijumaa, 12 Shaabani

Nimerudi kutoka kambini. Siku mbili kwenda kwa mtumbwi, tukalala Muhuta. Siku mbili kurudi.

Kuna ua wa miti. Wageni hawaingii. Unasimama huku, wanamwita mtu wako, anasimama kule. Kati yenu hatua tano na mlinzi.

Dada alikuja akichechemea, ameshikwa mkono na mwanamke wa Kirundi aitwaye Nyandwi. Wanalala mkeka mmoja. Nyandwi alinisalimu kwa lugha yao, "Amahoro," nikashindwa kuitikia.

Wanamchoma sindano. Nikapiga kelele kwamba haumwi. Mlinzi akasema kila anayeingia humu husema haumwi.

Nikamuuliza Dada, mbele ya watu wote, "Kwa nini hukuniambia kuhusu nyonga? Kwa nini hukusema kitanda kidogo?"

Akahamishia uzito mguu wa kushoto.

"Mume wangu aliniacha kwa sababu ya nyonga hii, Zuhura. Alisema nimekuwa mzigo. Nikaja kwako, nikaona umeshapanga mitungi yako. Nikaona nafasi iliyobaki. Nikasema basi, nitatosha hapo."

Mtumbwini nimerudi nimejifunika kanga usoni njia nzima.

Alhamisi, 18 Shaabani

Mitungi nimeitoa yote. Nimeichimbia barazani, nikaijengea kivuli cha makuti. Kazi ya asubuhi moja. Mafuta hayajaharibika.

Asubuhi moja tu!

Fundi Musa amekuja kulifumua godoro. Anasema hawezi kuliongeza, mshono wa katikati utamuumiza mlalaji. Lazima kushona jingine. Mikono minne na shibiri kwa urefu, miwili kwa upana, litandikwe ukuta wa nyuma. Aliuliza unene. Nikamweleza habari za nyonga. Akasema atajaza usufi zaidi upande wa kulia, na kulishindilia katikati lisibonyee.

Hakunikumbusha alichosema mwanzo. Nilimngojea anikumbushe. Ingekuwa nafuu.

Jumatatu, 29 Shaabani

Selemani amerudi. Nimemweleza. Akaenda kukitazama chumba, akarudi.

"Ungenituma ningeuliza mtu Ujiji habari zake kabla hajaja."

"Ndiyo."

"Na mimi sikuuliza."

Kesho anakwenda kambini na mtu anayejua kuzungumza na Wadachi. Kesho kufunga pia, kama mwezi ukionekana.

Jumamosi, 12 Ramadhani

Wamerudi naye.

Daktari mwenyewe alitazama damu yake mara tatu, hakuona mdudu. Kijiwe cha shingo kilitoweka jino lilipong'olewa. Wakamwachia. Lakini sindano walikuwa wameshamchoma nyingi.

Selemani aliniita pembeni kabla hajamshusha mtumbwini. "Macho," akasema. Sikuelewa. Halafu nikamwona Dada anatafuta ukingo wa mtumbwi kwa kiganja, mahali palipokuwa na mwanga wote wa saa nane.

Anaona kama mtu anayetazama kupitia kitambaa. Jicho la kulia ni giza tupu. Wapo wengine kambini dawa imewafanya hivyo hivyo, Nyandwi alimwambia.

Nimemwingiza chumbani. Hakuliona godoro jipya. Alilipapasa mpaka mwisho wa mkono, akasogea, akapapasa tena. Akalala kwa ubavu, akakunja mguu mbaya. Hakuanguka.

"Hili zuri kweli," akasema. Akalala pale pale, hata hakungoja futari.

Nilikaa mlangoni namtazama akilala. Pumzi zinakwenda vizuri. Ningetoa chochote nilichonacho iwe leo ndiyo siku aliyofika mara ya kwanza.

Alhamisi, 17 Ramadhani

Leo nimemwambia. Nilimwambia kwamba ni mimi niliyemweleza Bi Tatu. Nilisema haraka haraka, nimetazama chini.

Akasema, "Najua."

"Tangu lini?"

"Tangu ulipoacha kunitazama usoni. Siku tatu kabla hawajaja."

Nikamwomba radhi. Akasema amenisamehe, na kwamba nisiulize tena kama amenisamehe, maana kila nikiuliza atalazimika kufanya kazi hiyo upya.

Jumatano, 30 Ramadhani

Ninamtumikia. Namletea maji kabla hajaomba. Namshika mkono hata mahali asipotaka kushikwa. Jana aliutoa mkono wake polepole, kama unavyomwondolea mtoto kitu.

Leo aliniambia anakwenda Kigwena. Nyandwi naye ameachiwa, ana michikichi yake huko karibu na msitu, na anaishi peke yake. Amemtumia salamu aje.

Nililia. Nikasema hapa kwako, chumba ni chako, mitungi imetoka.

"Nimeona," akasema. Halafu akacheka kwa neno hilo. Mimi sikuweza kucheka.

"Zuhura, sikiliza. Nikikaa hapa utakuwa unaniogopa maisha yako yote. Kila nikijikwaa utakufa kidogo. Mimi nimechoka kuwa kitu cha kuwaumiza watu. Nyandwi haniogopi. Ananigombeza nikimwaga chumvi."



Jumamosi, 3 Mfungo Mosi

Siku ya tatu ya Idi. Ameondoka.

Nyandwi alikuja kumchukua na mtumbwi wa shemeji yake. Mwanamke mfupi, sauti kubwa. Alimkagua Dada toka kichwani hadi miguuni, akamkaripia kwa kukonda, wakaanza kubishana kwa Kiswahili na Kirundi vyote viwili. Sijamsikia Dada akibishana tangu aje. Kwangu alikuwa na adabu tupu.

Nilimwomba achukue godoro. Niliogopa atakataa. Akasema, "Sasa niliache nikalale wapi?" Likakunjwa, likafungwa kamba, likawekwa katikati ya mtumbwi juu ya majani lisilowe. Dada akaliegemea.

Hakugeuka nyuma. Hata angegeuka asingeniona. Nilipunga mkono hata hivyo, mpaka watu wa ufukoni wakaanza kunitazama.

Jumatatu, 12 Mfungo Mosi

Chumba cha uani kitupu. Selemani anauliza kama arudishe mitungi. Nimesema hapana. Hakuna sababu ya maana. Hapana tu.

Bi Tatu amepita. Tumekaa barazani. Tulizungumza habari za bei ya kitambaa. Sote wawili tunajua tusichokizungumza. Alipoondoka nilimsindikiza mpaka njiani, kama zamani.

Jumatano, 21 Mfungo Mosi

Mvua ndogo asubuhi. Ziwa la kijivu, shwari.

Mchuuzi wa samaki amepita kutoka Kigwena, amelala kwao juzi. Anasema Dada anajua njia ya kwenda kisimani kwa kuhesabu michikichi. Anasema kibanda cha Nyandwi ni kidogo, godoro limekula chumba kizima, na wanalitumia wote wawili na kugombania upande wa ukutani. Kuhusu macho hakuna mabadiliko.

Niliuliza kama ametuma neno kwangu. Akakumbuka kwa shida. "Anasema uende ukamtembelee. Na usibebe kitu."

Nimeuliza mtumbwi. Upo mmoja Jumamosi.

Nimefua kanga moja ya kwendea. Imeanikwa ndani kwa sababu ya mvua.